Jina Lililoongoza Kitale

Ijumaa jioni, katika studio ndogo iliyo juu ya duka la mbegu mjini Bungoma, Wakoli alisoma taarifa ya michezo bila kigugumizi hadi alipofika kwenye gofu.

"Huko Kitale," alisema, "mashindano ya gofu ya wanawake wa kulipwa yamemaliza siku ya kwanza. Nyaruai Muriuki, yule dada kutoka Nyeri, yuko nafasi ya pili. Nafasi ya kwanza…"

Akakohoa. Akaitazama karatasi kana kwamba mtu ameibadilisha akiwa ameishika.

"Nafasi ya kwanza imeshikwa na dada yake. Hali ya hewa: mvua itanyesha sehemu za Mlima Elgon."

Nyuma ya kioo, fundi wa mitambo, Kipkemei, aliinua kichwa. Alikuwa na karatasi ile ile mbele yake, na jina la huyo dada lilikuwa limechapwa wazi: Nyaguthii Muriuki. Halikuwa jina gumu. Dakika chache kabla, Wakoli alikuwa ametaja majina ya wachezaji wa Ulaya ya Mashariki yenye konsonanti zilizobanana kama mahindi kwenye gunzi, na hayakumshinda.

Tatizo ni kwamba Nyaguthii ni jina la mama mkwe wake.

Wakoli alilelewa Matulo, karibu na Webuye, katika boma ambalo baba yake, akimwona mama mkwe anakuja njiani, aliiacha njia na kuingia kwenye shamba la mahindi mpaka mama huyo apite, hata kama shamba lenyewe lilikuwa la mtu mwingine. Mkwe hampi mama mkwe mkono. Hakai naye chumba kimoja. Na jina lake halitoki mdomoni, iwe anaitwa yeye au anaitwa mtu mwingine aliyebahatika kupewa jina hilo hilo. Wakoli alisoma chuo cha uandishi wa habari, anavaa tai, na hapendi mambo ya kuamini amini. Lakini hili hakuwahi kulihesabu kama imani. Alilihesabu kama adabu, kama kutoingia nyumba ya watu bila kubisha.

Mke wake, Wangechi, alizaliwa Kitale katika familia ya Wakikuyu waliolima mahindi huko tangu zamani. Kwao, mkwe huja, hupeana mkono, huketi, hula, huulizwa habari za kazi. Siku ya harusi mama yake Wangechi alimnyoshea Wakoli mkono mbele ya watu wote. Wakoli alirudi nyuma, akarudi tena, mpaka akagonga meza ya keki. Picha ya tukio hilo ingali kwenye albamu ya familia kule Kitale: mkono wa mama umenyoshwa, na hakuna anayeupokea.

Meneja wa kituo, Mulki, aliingia studio taarifa ilipokwisha. Ni mwanamke aliyezaliwa karibu na msikiti wa mjini, anayeongea polepole, na watu humwogopa zaidi kwa sababu hiyo.

"Wakoli, dada yake ni nani?"

"Dada yake Nyaruai, madam."

"Najua ni dada yake Nyaruai. Anaitwaje?"

"Si ni Muriuki."

"Nyaruai pia ni Muriuki. Wote wawili ni watoto wa Muriuki. Ukisema Muriuki anaongoza, umesema nini?"

Wakoli alikubali kwamba hajasema kitu.

Angeweza kumweleza. Mulki ameishi Bungoma maisha yake yote na mila hiyo anaijua vizuri. Ndiyo maana hakumweleza. Angesema pole, angetikisa kichwa kwa heshima, kisha angempa Kipkemei maikrofoni. Na maikrofoni hiyo Wakoli aliingoja kwa miaka. Mtangazaji wa michezo alikuwa amehamia Nairobi, ligi ya mpira ilikuwa mapumzikoni, na mdhamini wa kipindi, mwenye kampuni ya mbolea, alikuwa mpenzi wa gofu. Hivyo gofu ndiyo ikawa mtihani wa Wakoli, mchezo ambao hakuwahi kuugusa.

Kabla ya hapo alikuwa msomaji wa tanzia. Kila asubuhi na kila jioni, sauti yake iliwaambia watu wa Bungoma nani ameaga dunia na nani amepoteza ng'ombe. Aliifanya kazi hiyo vizuri mno. Watu walianza kuogopa kumwona. Sokoni, akina mama waliacha kupima nyanya wakimwona anakuja, wakauliza, "Leo ni nani tena?" Aliwahi kumpigia mjomba wake simu kumjulia hali, na mjomba, aliposikia tu ile sauti, akaanza kulia.

"Sikiliza," Mulki alisema. "Jumapili unaenda Kitale kutangaza moja kwa moja. Mchezo ukiisha, nitampigia Naim kule Myanga. Unamjua Naim, anauza redio na betri, soko zima linasikilizia kwake. Nitamuuliza swali moja: nani ameshinda? Akijua, kipindi cha michezo cha Jumamosi ni chako. Asipojua, unarudi kwa marehemu."

"Sawa, madam."

"Mtu mmoja tu ajue, Wakoli. Siombi mengi."

*

Jumamosi Wakoli alijaribu njia nyingine. Akiwa studio, akifuata matokeo yaliyokuwa yakitumwa kwa simu kutoka Kitale, alimwita mchezaji anayeongoza "dada mkubwa". Baadaye akahisi hilo halitoshi, akamwita "yule wa kofia nyeupe", kwa kuwa ndivyo alivyoonekana kwenye picha. Mchana picha nyingine ikaja, kofia ni ya buluu. Akamwita "malkia wa mkono wa kushoto", kisha akagundua picha ilikuwa imegeuzwa, na msichana ni wa mkono wa kulia kama watu wengi.

Hesabu nazo hazikumsaidia. Alikuwa ameambiwa kwamba katika gofu anayepiga mpira mara chache ndiye bora, na kwamba kila shimo lina kiwango chake cha mapigo, na ukitumia machache kuliko kiwango unaandikiwa alama ya kutoa. Alilielewa jambo hili kila asubuhi na kulisahau kila mchana.

"Ana hasi tano," alitangaza, "na Nyaruai ana hasi nne, kwa hivyo Nyaruai yuko juu kwa… hapana, yuko chini kwa kuwa juu. Wasikilizaji, anayeongoza ni yule aliye chini zaidi. Tuendelee."

Simu za wasikilizaji zikafunguliwa. Wa kwanza alikuwa mzee kutoka Malakisi.

"Wakori, wewe unatuchanganya bana. Hao wasichana ni wangapi?"

"Wanaoongoza ni wawili, mzee."

"Wawiri? Mimi nimesikia dada mkubwa, nimesikia wa kofia, nimesikia malkia wa kushoto, na Nyaruai. Hiyo ni wawiri ya wapi?"

"Watatu wa kwanza ni mtu mmoja, mzee."

"Na anabeba fimbo ngapi?"

Mwingine alipiga kumpongeza Nyaruai kwa ushindi wake. Mwingine alitaka kujua kwa nini mtu mwenye hasi tano hasaidiwi. Mulki alikuwa amesimama mlangoni. Alitoa simu, akampigia Naim hapo hapo, kama mtu anayeonja mchuzi kabla haujaiva.

"Naim, habari ya Myanga? Ee. Nani anaongoza gofu?" Akasikiliza. "Asante." Akamgeukia Wakoli. "Anasema Nyaruai. Soko lote ni Nyaruai. Wamemtungia wimbo."

Jioni, nyumbani, Wangechi alipakua ugali na sukuma wiki, na Wakoli akaula kama mtu anayetafuna karatasi. Binti zao wawili walikuwa mezani. Mkubwa ni Nafula, jina la mama yake Wakoli. Mdogo, kwa desturi ya kwao Wangechi, amepewa jina la bibi yake mzaa mama. Ni Nyaguthii kwenye cheti cha kuzaliwa, Nyaguthii shuleni, Nyaguthii kwa mama yake. Kwa baba yake ni Kadogo, na ameitwa Kadogo tangu alipokuwa anabebwa mpaka sasa anapomfikia baba yake kiunoni.

"Baba Nafula, si useme tu hilo jina," Wangechi alisema. "Mama hataanguka."

"Sijasema yeye ataanguka."

"Basi nani?"

Wakoli alifikiri. "Sijui. Lakini kuna mtu ataanguka."

"Hapa nyumbani tunakuelewa. Ukisema Kadogo, tunajua ni nani. Redioni nani anakujua?" Alimsogezea bakuli la mboga. "Na mama anasikiliza, ujue. Kila siku. Hukai naye, humpi mkono, ukifika Kitale unaongea na ukuta. Redio ndiyo mahali pekee anakusikia. Leo amenipigia, ananiuliza, 'Huyo bwana yako ana nini na jina langu? Kwanza mtoto hamwiti nalo. Sasa hata msichana wa watu wa Nyeri analinyimwa?'"

"Si ulimweleza mambo ya kwetu?"

"Nimemweleza tangu harusi. Anasema hiyo ilikuwa ya wazee wa zamani, mtu amesoma chuo hawezi kuogopa jina. Anasema humpendi, na mimi nakufunika." Wangechi alimega tonge. "Kesho anaenda kuangalia gofu. Ni karibu na kwake. Anataka kumwona huyo msichana mwenye jina lake. Na wewe."



*

Uwanja wa gofu wa Kitale, Jumapili hiyo, ulikuwa na majani mazuri kiasi kwamba Wakoli aliona haya kuyakanyaga. Miti mirefu, nyasi kama zulia, na watu waliovaa vizuri wakitembea bila haraka kumfuata mtu aliyekuwa akitembea bila haraka kuufuata mpira. Hakuna aliyepiga kelele. Kijana mmoja alibeba kibao kilichoandikwa KIMYA, na kila mchezaji alipojiandaa kupiga, alikiinua.

Wakoli, spika ndogo masikioni na simu imeunganishwa na studio, alifungua matangazo kwa sauti aliyoijua, ile ya mpira wa miguu. "Naaam, wapenzi wasikilizaji!" Mchezaji mmoja, mbali kule, aliushusha mkono. Watu wote uwanjani waligeuka. Kibao kiliinuliwa mbele ya uso wake.

Tangu hapo alitangaza kwa kunong'ona.

"Wakoli," Kipkemei alimwambia masikioni, "Malakisi wamepiga simu. Wanasema betri zao zimeisha."

"Waambie si betri. Ni gofu."

"Wameshanunua zingine."

Alijikaza. Mwanzoni mambo hayakuwa mabaya sana. Dada wale wawili walikuwa wanacheza pamoja, kwa kuwa viongozi hupangwa pamoja siku ya mwisho, na ilimbidi Wakoli awafuate hao tu. Nyaruai alikuwa mrefu, mwenye hasira na nyasi. Alipopiga vibaya aliitazama sehemu ile ya ardhi kama inamdai kitu. Mwenzake alikuwa mfupi, mtulivu, na leo hakuvaa kofia yoyote.

"Nyaruai anapiga," Wakoli alinong'ona. "Mpira unapaa, unapaa, umeingia kwenye miti. Sasa anaruhusiwa kuutafuta, na watu wote wanamsaidia, hata anayeshindana naye. Sijawahi kuona mshambuliaji akitafutiwa mpira na beki. Huu ni mchezo wa watu waliolelewa vizuri. Na sasa anapiga… yeye. Huyo mwingine. Mpira wake uko karibu na shimo."

"Jina, Wakoli," sauti ya Mulki iliingia masikioni. "Jina."

Hapo ndipo alipomwona mama mkwe.

Alikuwa amesimama kwenye kamba ya watazamaji, amevaa koti jekundu na kilemba, mkononi ameshika thamosi. Hakuwa akitazama mchezo. Alikuwa akimtazama yeye.

Wakoli aliinamisha kichwa na kuhamia upande wa pili wa njia ya kuchezea, nyuma ya tangi la maji. Kutoka hapo aliona miguu ya wachezaji tu. "Miguu imesimama imara," aliwaambia watu wa Bungoma. "Miguu inaenda." Alipochungulia, koti jekundu lilikuwa limevuka. Akahamia nyuma ya ubao wa matokeo, na nyuma ya ubao wa matokeo ndipo mahali pekee uwanjani ambapo matokeo hayaonekani. Koti jekundu likaja. Akajificha kwenye kundi la watazamaji warefu, akatangaza pigo la mtu asiyemwona, kwa shimo asilolijua, na alipogundua watu wanapiga makofi, akapiga naye.

Hivi ndivyo walivyofika shimo la mwisho. Ubao ulisema dada wawili wako sawasawa. Wakoli alikuwa amesimama peke yake chini ya mti, mgongo wake ukielekea kwenye kamba, anahema. Alijua koti jekundu liko nyuma yake, si mbali, kwa sababu alisikia mtu akiuliza, "Mama, hiyo chai ni ya nani?" na sauti anayoijua ikijibu, "Ni ya mtu anayenikimbia."

"Wakoli," Kipkemei alisema, "wasikilizaji wanalia. Wanataka jina la anayecheza na Nyaruai. Nina mtu kwenye laini, anasema yuko hapo hapo uwanjani. Namweka hewani. Karibu mama, jina lako na unakotoka."

"Mimi naitwa Nyaguthii," sauti ilisema masikioni mwa Wakoli, na nusu sekunde kabla ilikuwa imesema vivyo hivyo nyuma ya mgongo wake. "Niko Kitale. Nataka kuuliza mtangazaji swali moja."

Wakoli hakugeuka. Aliutazama mti. Ulikuwa na magome, na juu ya magome kulikuwa na sisimizi, na sisimizi walikuwa na pa kwenda.

"Wakoli, ni mimi."

"Nakusikia, mama."

"Kumbe unaweza kuniongelesha."

Alifikiri kuhusu hilo. Ilikuwa kweli. Hakumtazama, hakuwa naye chumba kimoja, hakumpa mkono. Wazee wa Matulo waliweka sheria kuhusu njia, nyumba, chakula na mikono, lakini hakukumbuka hata mmoja aliyesema lolote kuhusu simu.

"Naweza, mama. Nafikiri naweza."

"Basi niambie. Huyo msichana anayetaka kupiga sasa anaitwa nani?"

"Mama, si unamwona."

"Mimi namwona. Watu wa Myanga hawamwoni. Anaitwa nani?"

Kibao cha KIMYA kiliinuliwa. Uwanja mzima ulinyamaza, na kwa mara ya kwanza siku hiyo Wakoli aliona busara ya mchezo huu.

"Nimekuuliza, Wakoli. Hilo jina lina ubaya gani? Mtoto umemwita Kadogo. Atazeeka akiwa Kadogo? Siku ya harusi ulinikimbia mbele ya kanisa lote. Kama hunipendi, niambie leo, mbele ya watu, nijue."

"Mama, nakupenda sana," Wakoli alinong'ona. Kituo kizima kilimsikia, na soko la Myanga, na Malakisi kwa betri mpya. "Kwetu, mkwe hataji jina la mama wa mke wake. Ukilitaja ni kama umemvua mzazi nguo barabarani. Sitalitaja hata kama nitapoteza hii kazi, na mama, hii kazi karibu naipoteza. Nikiwa peke yangu na mtoto, hakuna mtu anasikia, bado namwita Kadogo."

Kipkemei angetakiwa kuweka muziki, lakini hakuweka.

"Hata ukiwa peke yako?" mama aliuliza.

"Hata nikiwa peke yangu."

"Wangechi aliniambia. Nikasema anakufunika." Akavuta pumzi. "Na siku ya harusi ulikuwa unaniheshimu?"

"Nilikuwa nakuheshimu, mama."

"Ukaniheshimu mpaka ukaingia kwenye keki."

"Keki sikuiona. Nilikuwa natembea kinyumenyume."

Mama mkwe akacheka. Alicheka kwa sauti, simuni na nyuma ya mgongo wake, na kijana wa kibao akakimbia kumwinulia KIMYA usoni. "Ngoja wewe kijana, niko kazini," mama alimwambia. Kisha simuni: "Haya. Wewe tangaza. Ukifika kwa jina, niachie mimi."

"Mama?"

"Sema! Msichana anapiga."

Wakoli akasema. Alisema bado anautazama mti, kwa hivyo mama alimweleza kinachoendelea, na yeye akakisema tena kwa Kiswahili cha redio.

"Mpira uko umbali wa kama kutoka mlango wangu hadi zizini," mama alinong'ona.

"Mpira uko mbali kiasi, wasikilizaji. Anajiandaa…"

"Nyaguthii!"

"…ndiye huyo. Anainama."

"Anaangalia chini kama mtu anayenunua ndama. Anazunguka. Huyu hataki kuibiwa. Nyaguthii amepiga! Unaenda, unaenda, umepita kando kidogo. Aki Nyaguthii!"

"Amekosa," Wakoli alisema. "Sasa ni Nyaruai."

"Nyaruai amepiga nguvu sana, umepita mbali. Huyu ana haraka, ni kama kuna chungu jikoni. Wakoli, nikuulize. Kama amepiga mara nyingi, si ndiye amefanya kazi zaidi? Kwa nini asipewe kikombe?"

"Hata mimi sijui, mama. Nimesoma tangu Ijumaa. Hapa wanampa kikombe aliyechoka kidogo."

"Basi mume wangu marehemu angekuwa bingwa."

Nyaruai alipiga tena, akakosa tena. Dada yake akasogea, akaugusa mpira taratibu, nao ukaingia. Wakati huo watu walisahau kibao na kupiga makofi na vigelegele, na mama mkwe alipiga kelele simuni mpaka Wakoli akatoa spika moja sikioni.

"Nyaguthii ameshinda! Nyaguthii! Nyaguthii wa kwetu!"

"Ndivyo ilivyo, wasikilizaji," Wakoli alisema. "Kama alivyosema."

*

Kipkemei alikata matangazo, na Mulki akabaki kwenye laini. Wakoli alimsikia akipiga simu ya pili, kwa kusudi, akiwa ameiweka kwa sauti ili naye asikie.

"Naim. Nani ameshinda gofu?"

"Aa, Mulki, hapa soko limesimama!" Nyuma ya sauti ya Naim kulikuwa na watu wakiimba, na wimbo ulikuwa ule ule wa jana wenye jina jingine. "Ni Nyaguthii!"

Wakoli alifumba macho.

"Nyaguthii gani?" Mulki aliuliza polepole.

"Si mama mkwe wa Wakoli! Mama ni moto, wallahi. Anacheza na anatangaza, mkono mmoja fimbo, mkono mmoja simu. Na bado ana nafasi ya kugombana na mkwe wake kuhusu keki. Hawa wazungu walituficha mchezo huu kwa nini? Sikia, watu wanauliza, Jumamosi anacheza na nani?"

Wakoli aliiwazia meza ya Mulki, zile karatasi za tanzia zimepangwa zinamngoja.

"Jina amelipata," Mulki alisema mwishowe. Haikujulikana anaongea na Naim, na Wakoli, au na nafsi yake. "Mtu si yeye. Lakini nilisema ajue nani ameshinda, na jina ni hilo hilo. Sijui nilitaka nini." Akavuta pumzi. "Wakoli, Jumamosi ni yako. Njoo na mama. Kwa simu."

"Madam, yeye hachezi gofu."

"Hilo utawaeleza Myanga mwenyewe. Mimi sitaki kuwa hapo."

Laini ikakatika. Wakoli aliendelea kusimama akiutazama mti, akijaribu kupanga ni kipi cha kueleza kwanza: kwamba aliyeshinda ni mtu mwingine, kwamba mtu huyo mwingine anaitwa jina ambalo hawezi kulitaja, au kwamba mama aliyewafurahisha hajawahi kushika fimbo isipokuwa ya kuchunga ng'ombe. Kila alipoanza upande mmoja alijikuta upande mwingine. Jumamosi ilikuwa mbali, alijiambia, na hapo hapo akakumbuka kwamba Jumamosi huja kila wiki.

Nyuma yake alisikia kitu kikiwekwa kwenye nyasi, taratibu, kama mtu anayecheza gofu. Kisha nyayo zikarudi nyuma, zikarudi tena, mpaka zilipofika mbali ya kutosha.

"Mkwe," sauti ilisema, safari hii bila simu, "mimi sasa nimegeuka. Natazama ile miti kule. Unaweza kuchukua."

Wakoli aligeuka. Mama mkwe alikuwa kwenye kamba, amempa mgongo, koti jekundu limenyooka, anatazama miti kwa makini ya mtu aliyeambiwa itafanya kitu. Kwenye nyasi, katikati yao, palikuwa na thamosi, na kikombe kimefunikwa juu yake.

Aliiendea, akaiokota kwa mikono miwili, akarudi chini ya mti wake.

"Asante, mama."

"Ina tangawizi," mama mkwe aliiambia miti. "Usimwagie keki."